Nyota nne kati ya tano kwa PostgreSQL 16, hiyo moja imeliwa na Kiswahili

Nianze na hukumu kabisa ili mwenye haraka aondoke nayo: PostgreSQL, au Postgres kwa kifupi, programu ya kutunza databesi, kwenye Ubuntu ambayo ni aina ya Linux, naipa nne kati ya tano na sijutii kuichagua. Ila siku ya kuinstoo, aisee, kuna masaa ya maisha yangu yalipotea pale na hayatarudi, na karibu yote yalipotea kwa sababu sikuwa nasoma kilichoandikwa mbele ya macho yangu.

Mimi ni fundi wa mifumo midogo midogo ya maduka, niko Morogoro. Kazi hii ilikuwa ya mama mmoja mwenye duka la dawa, mauzo alikuwa anaandika kwenye kaunta buku, stoo iko Excel, na dawa zinazokaribia kuexpaya ziko kichwani mwake. Akataka mfumo. Nikamwandikia kwa Django, zana za Python za kujengea mifumo, nikamtafutia desktop ya mtumba, Pentium ya zamani ina RAM GB 4, nikaipiga Ubuntu 24.04 maana Windows iliyokuwamo ilikuwa inahema kama mgonjwa wa pumu. Pembeni nikakodi VPS, yaani seva ya mtandaoni, ya RAM GB 1 kwa ajili ya bakapu ya kila usiku, kampuni siitaji na wala haina kosa kwenye hadithi hii.

Kwa nini Postgres na sio MySQL, databesi nyingine ambayo wengi tumeijua tangu chuo? Kwanza uchoyo wa RAM, hii kitu ikitoka kiwandani shared_buffers yake, yaani RAM inayojitengea, ni MB 128 tu, inakaa kwa adabu hata kwenye mashine ya kimaskini. Pili, ni kali kwenye data. Duka la dawa tarehe ya kuexpaya sio pambo, ukiipa Postgres "2026-02-30" inakujibu date/time field value out of range na haiingizi kitu, hakuna kubembelezana. Kuna mdau alinishauri MongoDB, databesi ya aina nyingine, nikamwambia kaka hiyo kuanzia toleo la 5.0 inataka prosesa yenye AVX, maelekezo ya ziada ya prosesa mpya, na Pentium hii haina hata harufu yake, ukilazimisha inakufa na Illegal instruction kabla hujasema bismillahi.

Sasa kuinstoo kwenyewe. Kwa Ubuntu 24.04 toleo la 16 liko ndani ya hazina yake ya kawaida, huna haja ya kuongeza chanzo chochote. Waliobaki 22.04 watapata 14, wa Debian 12 watapata 15. Ni komandi moja tu, sudo apt install postgresql (apt ndiyo kishusha programu cha Ubuntu), inashusha kama MB 40 na ushee, kwa bando la simu sio mbaya. Ukisoma hivyo unaona dakika tano umemaliza. Mimi dakika tano hizo nilizitumia kushangaa saa.

Saa, ndiyo. Desktop ile ilikaa wikiendi nzima bila umeme, Jumatatu nikaiwasha, nikaunga intaneti ya simu, nikapiga apt update. Ikanijibu Release file is not valid yet, invalid for another siku moja na masaa kadhaa. Nikasoma mara ya kwanza nikadhani intaneti mbovu. Nikabadilisha laini. Hola. Nikaanza kubadilisha mirror, yaani seva ya kushushia vifurushi, kutoka ya nchi hii kwenda ya nchi ile, bado. Kumbe ile betri ndogo ya duara kwenye ubao, CR2032, imekufa siku nyingi, mashine ikizimwa na kuchomolewa saa inasimama pale pale ilipoachwa. Kwa hiyo kompyuta inaamini leo bado ni Jumamosi, halafu inaletewa orodha ya vifurushi iliyosainiwa Jumatatu, inasema hii karatasi imetoka kesho, siiamini. Na kwa kweli iko sahihi! Ungekuwa wewe ungeikubali? Nikaweka saa kwa mkono, nikapiga sudo timedatectl set-ntp true ijirekebishe yenyewe kila ikipata intaneti, kesho yake nikanunua betri ya buku mbili. Hilo sio kosa la Postgres kabisa, ila nimeliandika kwa sababu mashine nyingi tunazofanyia kazi huku ni za mtumba na hiyo betri huwa imekufa kwenye nusu yake, ukikutana nalo usianze kugombana na mirror.

Saa imekaa sawa, narudia apt, nakutana na Could not get lock /var/lib/dpkg/lock-frontend, inashikiliwa na unattended-upgr. Hapa kuna ushauri mbovu sana umezagaa, eti futa faili la lock uendelee. Usifute. Ile ni Ubuntu inajiapdeti yenyewe kimya kimya, ukiikatisha katikati unaweza kujikuta unaokoteza vipande kwa dpkg --configure -a. Subiri. Mimi nilisubiri dakika kumi na tano, uchungu wangu haukuwa muda, uchungu ni kwamba ilikuwa inajiapdeti kwa bando langu. Nilikuja kuangalia salio, GB nzima imeenda na bado sijashusha hata herufi moja ya databesi.

Baada ya hapo desktop ilikubali bila maneno. Ukiandika pg_lsclusters unaona mstari mmoja, 16 main 5432 online, rangi ya kijani, moyo unatulia.

Kasheshe lilikuwa VPS.

Laptop yangu nimeiweka muundo wa tarehe na namba wa Kiswahili cha Tanzania. Napenda tu, kalenda inaniandikia Jumatano na Machi, sina sababu nyingine. Mpangilio kama huo wa lugha na nchi Linux inauita locale, na hii yangu jina lake ni sw_TZ na ipo rasmi kabisa kama ilivyo sw_KE ya jirani. Nikaingia kwenye VPS kwa ssh, njia ya kuingia mashine ya mbali, kutoka kwenye laptop hiyo, Ubuntu ni ile ile 24.04, komandi ni ile ile, apt ikashusha, ikafungua, ikapita mistari kama mia, ikarudisha mshale wake bila kulia. Nikaangalia systemctl status postgresql, ikaniambia active, kijani. Safi. Nikaandika sudo -u postgres psql, ndiyo ya kuingia kwenye databesi.

connection to server on socket "/var/run/postgresql/.s.PGSQL.5432" failed: No such file or directory. Is the server running locally and accepting connections on that socket?

Sasa wewe niambie, huyu anasema yuko hai, huyu anasema hayupo, unamwamini nani? Nikarestati. Kijani. psql, hayupo. Nikatoa nikainstoo tena. Kijani, hayupo. Nikatoa mara ya pili kwa purge kabisa, nikainstoo tena. Vile vile. Nikaanza kulaumu firewall, jambo ambalo nikilikumbuka leo naona aibu maana soketi ya ndani ya mashine haihusiani na firewall hata kidogo. Nikaenda kula chipsi mayai, nikarudi, nikarudia yale yale kama vile chipsi zingebadilisha kitu.

Mambo mawili sikuyajua. La kwanza, ile huduma inayoitwa postgresql kwenye Ubuntu na Debian ni kivuli tu. Ukiisoma vizuri haikuandikwa active (running), imeandikwa active (exited), maana yake imetoa amri kwa walio chini yake ikaondoka zake, kama mwenyekiti wa kikao anayefungua mkutano na kupanda gari. Mwenye kazi hasa anaitwa postgresql@16-main, huyo ndiye wa kumuuliza hali. La pili, kuinstoo programu na kuwa na databesi ni vitu viwili tofauti. Programu inawekwa kwanza, halafu kifurushi kinajaribu kukuundia klasta, yaani ile folda ya data pamoja na konfigi zake, na hapo ndipo mimba ilipoharibika. Nilipoandika pg_lsclusters ikanitolea kichwa cha jedwali peke yake, Ver, Cluster, Port, Status, Owner, chini yake hamna kitu. Jedwali tupu. Hakuna aliyekufa, hakuna aliyezaliwa.

Nikapandisha skrini juu kusoma ile mistari mia niliyoiruka. Na ilikuwepo muda wote, katikati ya msitu: Error: The locale requested by the environment is invalid. Ikafuatiwa na could not create default cluster, please create it manually, na komandi ya kuiunda imeandikwa hapo hapo, kama mtu amekuachia ufunguo juu ya meza na wewe unavunja dirisha. Juu zaidi kuna perl nayo inalalamika Setting locale failed, inataja LC_TIME = "sw_TZ". Hiyo ya perl nilikuwa naiona kila siku nikiingia kwenye VPS ile na nilishaizoea kama kelele ya feni.

Kilichotokea ni hiki. ssh ya Ubuntu kwa kawaida hubeba lugha ya laptop yako na kwenda nayo kwenye seva, kuna mstari wa SendEnv LANG LC_* upande wako na AcceptEnv upande wa seva, na sudo nayo huwa inaziachia hizo LC_ zipite. Kwa hiyo seva ikaambiwa bosi anatumia sw_TZ. Seva haina sw_TZ, haijawahi kutengenezewa. Postgres ikiunda klasta inachukua lugha ya mazingira na kuiweka ndani ya databesi kwa ajili ya kupanga herufi, tarehe na kadhalika, sasa ikikuta lugha haipo inakataa kuunda badala ya kubahatisha. Ukitafakari, ni sahihi kukataa. Ila kukataa halafu apt inamaliza kama kawaida bila hata rangi nyekundu mwishoni, hapo ndipo nilipoitoa ile nyota moja na sirudishi.

Dawa yake ni fupi kuliko maelezo. export LC_ALL=C.UTF-8, halafu sudo pg_createcluster 16 main --start. Sekunde tatu. Ile C.UTF-8 ipo kwenye kila Ubuntu na Debian hata iliyokondeshwa vipi. Angalizo, usiandike C peke yake kwa uvivu, ukiweka C tupu klasta inazaliwa na SQL_ASCII badala ya UTF8 na utakuja kulia siku mtu akiingiza jina lenye herufi za ajabu. Ukitaka en_US.UTF-8, itengeneze kwanza kwa locale-gen ndipo uunde klasta. Na kama unaipenda sw_TZ kama mimi, locale-gen inaitengeneza pia, ni kwamba tu hakuna aliyekuambia uitengeneze kabla.

Tukiwa hapo hapo kwenye lugha, ujumbe wa Postgres umetafsiriwa Kijerumani, Kifaransa, Kijapani, mpaka Kijojia cha watu wasiofika milioni tano, Kiswahili bado hakuna. Sio lawama, tafsiri zinafanywa na watu wa kujitolea na sisi ndio hatujajitolea, mimi mwenyewe nikiwemo.

Basi, klasta ikazaliwa. Makosa yaliyofuata ni ya kawaida nayapita haraka. Peer authentication failed maana yake umejaribu kuingia kwa jina la yuza wa databesi ambalo sio jina lako la Linux, ongeza -h localhost iulize paswedi, hakuna haja ya kuchokonoa pg_hba.conf, faili la nani aingie vipi, na kuandika trust kila mahali kama wanavyoshauriana watu, trust maana yake mlango hauna kitasa. MySQL kwenye Ubuntu nayo ina ndugu yake, ile 1698 Access denied ya root, chanzo kinafanana. Ukiona could not change directory to "/home/..." Permission denied ukiwa unapiga sudo -u postgres psql, puuza, ni kwamba yuza postgres haruhusiwi kuchungulia nyumbani kwako na yuko sahihi, endelea na kazi. Ukiinstoo psycopg2, kiunganishi cha Python na Postgres, ikasema pg_config executable not found, umekosa libpq-dev.

Moja ambalo siwezi kulipita ni permission denied for schema public (schema ni kama chumba cha majedwali ndani ya databesi), maana limewakwamisha watu wengi wanaofuata maelekezo ya zamani. Unaunda databesi, unaunda yuza, unampa GRANT ALL PRIVILEGES ON DATABASE, unajiona umempa kila kitu, unapiga migrate ya Django, ile ya kuunda majedwali, na inagoma kwenye jedwali la kwanza. Mpaka toleo la 14 ilikuwa inapita. Kuanzia toleo la 15, lililotoka Oktoba 2022, walifunga mlango: yuza wa kawaida haruhusiwi tena kuunda vitu ndani ya public mpaka awe mwenye databesi au apewe ruhusa ya schema yenyewe. Ile ALL ya kwenye databesi haijumuishi kilichomo ndani, ni kama umepewa ufunguo wa geti la uani ukadhani unafungua na vyumba. Njia safi ni kumfanya yuza wa mfumo kuwa mwenye databesi tangu mwanzo, CREATE DATABASE duka OWNER duka, au kama ulishaiunda, ALTER DATABASE duka OWNER TO duka. Usimfanye superuser eti ili ikubali. Najua inashawishi. Usifanye.

Kuna dogo mmoja anayenisaidia, siku moja nikiwa safari ikamgomea kitu akapiga chmod -R 777 kwenye /var/lib/postgresql. Postgres ikagoma kuwaka kabisa, kwenye logi imeandika data directory has invalid permissions, na chini yake ikamwelekeza inatakiwa 0700 au 0750. Ananipigia, "bro, nimeipa ruhusa zote na bado inakataa." Nikamwambia ndiyo sababu inakataa. Programu inayogoma kufanya kazi kwa sababu umeiachia wazi mno, hiyo mimi naiheshimu.

Na sasa niseme kwa nini nne na sio tatu. Mwezi wa tatu wa matumizi, saa kumi jioni, duka limejaa, umeme ukakatika. UPS ilikuwepo, betri yake ilishakuwa kopo tupu, desktop ikazima papo hapo huku mauzo yanaingia. Ukarudi baada ya kama dakika arobaini. Mama akanipigia kabla sijafika, salamu yake ilikuwa moja tu.

"Mwanangu, vile vitu vyangu vimo?"

"Shikamoo mama. Washa kwanza, nakuja."

"Marahaba. Nimewasha. Vimo?"

Sikumjibu, maana sikujua. Nilipofika sikufungua hata mfumo, nilikwenda moja kwa moja kwenye /var/log/postgresql/postgresql-16-main.log. Nilishajifunza kusoma. Mistari ilikuwa hii: database system was interrupted, halafu database system was not properly shut down, automatic recovery in progress, halafu redo starts at na namba zake, halafu database system is ready to accept connections. Toka wa kwanza mpaka wa mwisho haikufika sekunde mbili. Kabla Postgres haijakuambia muamala umekubaliwa huwa imeshauandika kwenye WAL, daftari lake la mabadiliko, na kuhakikisha umefika kwenye diski, kwa hiyo ikiamka inafungua lile daftari na kurudia kilichokuwa hakijafika kwenye majedwali. Tulilinganisha risiti za mwisho zilizoprintiwa na zilizomo. Zote zilikuwemo, iliyokosekana ni ya mteja mmoja wa dawa ya kikohozi ambaye keshia alikuwa bado hajabonyeza kuhifadhi, na huyo mama anamjua kwa jina, alilipa kesho yake.

Kwa mwenye kutaka kununua neno langu kwa ufupi: utendaji tano, ukali kwenye data tano, makala zake rasmi tano maana zimeandikwa na watu wanaoheshimu msomaji, kuinstoo tatu kwa sababu ya ile kimya ya apt. RAM GB 4 inatosha duka lolote la ukubwa wa wastani na inabaki. Bei ni bure, sio bure ya kukuonjesha.

Laptop yangu bado inaandika Jumatano na Machi. Nimeweka tu alama ya # mbele ya SendEnv kwenye /etc/ssh/ssh_config, Kiswahili kinaishia getini.